Kufuli la Nje

Benchi la nje ya duka la donati, mjini Tucson, linatazamana na stoo za kukodi: safu kwa safu za milango ya bati inayokunjwa kwenda juu, kila mmoja na kufuli lake. Asubuhi hiyo Lyle alikaa katikati kama kawaida yake, kahawa mkononi, ufunguo mpya wa stoo uliomo mfukoni unamchoma pajani. Nyumba aliyopanga imeuzwa, leo jioni anatakiwa awe ametoka. Vitu vyake vimeshaingia stoo, na kimoyomoyo ameshaamua kuvifuata hukohuko. Ila aibu, jamani! Hata dada yake hajamwambia.

— Nina rafiki yangu anataka kuhamia kwenye stoo pale, akaanza. Sheria inasemaje?

Kushoto kwake alikaa Dewey, wanayemwita Jaji kwa sababu aliwahi kuwa mzee wa baraza mahakamani mara moja tu, na kesi yenyewe ilikuwa ya mashine ya kukatia majani.

— Sheria imekataza mtu kuishi mle, Jaji akasema. Vitu ruksa. Sasa huyo rafiki yako ajiandikishe kama kochi.

— Kochi?

— Ehe. Kochi likilala, nani atalishitaki?

Kulia, Verna akacheka mpaka donati ikamponyoka. Huyu ndiye wanayemwita Nesi. Kumbe miaka yote hospitalini alikuwa anafua mashuka tu.

— Jaji, acha fiksi! Shida ni hewa. Mle hamna dirisha, na Julai hii bati linaiva. Atakauka kama nyama ya kuanika!

— Si atatoboa tundu, Lyle akasema.

— Atoboe ukuta wa watu? Jela hiyo! Jaji akadakia. Ingawa jela kuna kiyoyozi.

— Basi apande miti humo ndani, impe hewa, Nesi akasema. Msitu mzima!

— Achome na nyama msituni! Jaji akaongeza.

— Wee! Moto mle ndani unaua kimyakimya. Hapo sitanii, Jaji.

Lyle akazitazama stoo. Jiko lake la gesi liko juu kabisa ya maboksi.

Mama mmoja mgeni alikuwa amesimama karibu akisubiri kahawa yake.

— Samahani, wazee wangu. Milango ile inafungwa kwa nje tu. Akishaingia akashusha mlango, kufuli anafunga nani?

Nesi akaigeukia ile milango ya bati.

— Maana juzi nilisahau kufunga wangu, yule mama akaendelea. Meneja akipita jioni, mlango hauna kufuli, anapachika la kwake, anaondoka zake.

Jaji akachungulia kikombe chake. Lyle alijiona gizani akigonga bati, na hakuna anayejua yuko wapi.

— Lyle, Jaji akasema taratibu. Huyo rafiki yako anakoroma?

— Kidogo.

— Mwambie kwangu chumba cha nyuma kina kitanda. Ila jiko aliache.

Lyle alitaka kushukuru, akaona haya. Akajifanya anapuliza kahawa iliyokwisha kupoa.

— Na mlango wako, akauliza mwishowe, unafungwa wapi?

— Kwa ndani, we mjinga!