Kiatu cha Kushoto cha Malkieli bin Shelumi

Ndugu, jamaa na majirani mliokusanyika kwenye jiwe hili la mpaka, mlioketi upande huu na mlioketi upande ule, familia inawaomba mtulie, wenye watoto wawapakate, tuyasikilize maisha ya mzee wetu Malkieli bin Shelumi, ambaye machela yake imewekwa hapa nje ya shamba kwa sababu tutakayoifikia.

Marehemu alizaliwa mwaka ule nzige walipokula mizabibu, mwezi wa kuchanua shayiri, katika mahema ya Maoni, kusini mwa Hebroni, akiwa mtoto wa kwanza wa mzee Shelumi na mama Serua, na nyuma yake akafuata mdogo wake mmoja tu, Ezboni, ambaye marehemu alimbeba mgongoni kila mahali, hata mama yao akawa anauliza, "Ezboni, mwanangu, hivi una miguu kweli, au nimezaa mzigo?"

Elimu yake aliipata kwa babu yake, hemani, alikojifunza majina ya mababu na namna ya kujua kwa harufu udongo wenye maji chini yake. Alikuwa mzito wa kukariri, lakini alichokishika hakikumtoka, na ni yeye aliyemfundisha Ezboni majina yale, jina moja kila siku, akimrudisha nyuma alipokosea bila kumkaripia.

Kazi ya kuchimba visima aliianza akiwa na miaka ishirini, na kisima hiki mnachokiona ndani ya shamba alikichimba pamoja na baba yake kwa muda wa viangazi vitatu, kisha mzee Shelumi, alipojiona anaondoka, aliwaita wazee wa lango, wanaoamua mashauri yetu, akampa Ezboni shamba la mizabibu la Yuta, na kwa Malkieli, mzaliwa wa kwanza, akaacha shamba hili, kisima chake, na pango la kuzikia lililo nyuma ya ule mlozi.

Marehemu alimwoa Naara binti Ela, wa Tekoa, mwaka wa pili baada ya tetemeko, siku ya mwisho ya mavuno ya ngano. Naara alikuwa fundi wa ngozi, na zawadi yake ya arusi ilikuwa jozi ya viatu vyenye ukanda mwekundu ulioshonwa mishono miwili miwili, mshono ambao hapa Maoni hakuna mwingine aliyeujua, kwa hiyo viatu vile vilijulikana kabla mvaaji hajaonekana uso. Mungu aliwajalia watoto wawili, Hogla na Ozni, na siku ya tatu baada ya kuzaliwa Ozni, Naara alifariki, akazikwa katika pango hili, na marehemu hakuoa tena.

Miaka mitatu baadaye, mwezi wa kukata manyoya, ndugu hawa wawili walikuwa wakitembea pamoja kwenye njia ya Zifu, Ezboni akaanza kuchechemea, akasema, "Kaka, nimekanyaga mwiba, na kiatu changu kimekatika. Niazime cha kushoto, nifike mjini nikaunganishe changu." Marehemu aliinama, akakivua, akamvisha mwenyewe, kama alivyokuwa akimvisha zamani, kisha akarudi kwa kondoo wake kwa mguu mmoja, akicheka. Mwiba wenyewe hakuna aliyeuona.

Sote tunajua kwetu maana ya kiatu kikiwekwa mbele ya wazee langoni: mwenye haki ameiachia haki yake. Siku ile ile Ezboni alikwenda langoni Hebroni, akakiweka kiatu chini, akasema, "Kaka yangu ameniachia shamba, kisima na pango." Mzee mmoja akauliza, "Mwenyewe yuko wapi?" Akajibu, "Yuko na kondoo. Si mnamjua kaka, hapendi maneno mengi!" Wakautazama ukanda mwekundu, wakaujua mshono wa Naara, wakakubali.

Marehemu alipopata habari na kufika langoni, aliulizwa swali moja tu, "Malkieli, kiatu hiki ulikitoa kwa mkono wako, au alikuibia?" Naye, kwa kuwa hakujua kusema uongo hata pale uongo ungemfaa, akajibu, "Nilikitoa kwa mkono wangu, alisema amechomwa na mwiba." Langoni wakacheka. "Basi ulikitoa!"

Tangu siku hiyo, miaka thelathini na tisa, marehemu alivaa kiatu cha kulia peke yake. Waliokwenda kuteka maji kisimani, walipopishana naye njiani, walimwita Mguu Mmoja, naye aliwajibu, "Mwenzenu huyu wa kushoto anaijua njia kuliko nyinyi, maana anaigusa." Kila mwaka, siku aliyofariki Naara, alikuja mpaka kwenye jiwe hili, asivuke, akasimama akilitazama pango. Ezboni alimwendea mara nyingi, akamwambia, "Kaka, unatuaibisha. Vaa viatu vipya kama watu wengine, nami nitakuruhusu uingie." Lakini kuvaa vipya kulikuwa ni kukiri kwamba vile vya zamani vimekwisha kuachwa, na jibu lake halikubadilika, "Mimi viatu ninavyo. Kimoja kimeazimwa."

Mwanawe Ozni alipofikisha miaka ishirini na miwili alimwoa binti wa Ezboni na kuhamia kisimani, na tunalisema hili kwa upole, kwa kuwa Ozni anatusikia pale alipoketi: baba yako alikwenda arusini kule Yuta, akala, akakubariki, akarudi nyumbani peke yake.

Marehemu aliugua mwezi wa kuvuna tini, baada ya kuchomwa na mwiba katika mguu wake wa kushoto, mwiba wa kweli safari hii, mguu ukavimba mpaka gotini, na jana jioni, siku ya nane ya mwezi wa kukamua zeituni, alifariki mikononi mwa binti yake Hogla, akiwa na umri wa miaka sabini na sita.

Familia inamshukuru bibi Atara, aliyemkanda kwa dawa ya tini kila asubuhi, wachimbaji wenzake wa visima waliombeba hadi hapa, na majirani kwa mikate na kwa machozi. Wazee wa lango tunawashukuru pia kwa kufika, ingawa neno mlilopaswa kumwambia Ezboni siku ile lilikuwa fupi sana: "Mlete."

Kabla ya kukata roho marehemu alimwambia Hogla, "Nataka kulala karibu na mama yenu. Msigombane na mtu, wala msimtukane Ezboni. Mwambieni tu, kama ule mguu umepona, anirudishie kiatu changu."

Baba mdogo Ezboni, salamu zako tumezifikisha. Sisi hatujalivuka jiwe. Kiatu cha kulia kiko miguuni pake juu ya machela, na cha kushoto, tunavyojua, kimetundikwa nyumbani kwako mpaka leo, nawe una miguu, mzee wetu, hata kama mama Serua alikuwa na wasiwasi. Katika ngozi hii tunayoisoma, mbele ya neno "alizikwa", tumeacha nafasi, na jua bado liko juu.

Malkieli, baba yetu, pumzika hapo ulipo. Miaka thelathini na tisa ulikuwa ukija wewe hadi kwenye jiwe hili. Leo zamu ya kuja ni yake.