Mkono wa Kushoto wa Fundi Ndivyo

Ndugu, jamaa, majirani, na nyinyi nyote mlioacha shughuli zenu mkaja kutushika mkono, karatasi hii imeandikwa na mtoto wa pili wa marehemu, binti yake, ndiye huyu anayewasomea, kwa sababu kaka yake mkubwa alijaribu mara tatu kuiandika na kila mara alifika kwenye shule ya msingi akaanza kulia, na shangazi zetu wakasema hawataki historia yenye madoa ya machozi, wanataka inayosomeka.

Marehemu, ambaye nyote mlimjua kwa jina la Fundi Ndivyo, na wengine mtashangaa kusikia kwamba alikuwa na jina jingine, alizaliwa tarehe 3 Juni 1952 katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya soko la mitumba, mtoto wa nne wa fundi viatu na mkewe, akaja duniani ametanguliza miguu, na mkunga alipolalamika, bibi yake akamjibu kwamba mtoto huyu anajua anachofanya, maneno ambayo familia inaamini ndiyo yaliyomharibu.

Alianza shule ya msingi Januari 1960 na kumaliza Novemba 1966, na ilikuwa darasa la nne, kwenye hesabu ya kugawanya, alipopata jibu la ng'ombe saba na nusu, mwalimu akamwuliza hiyo nusu inatembeaje, naye badala ya kufuta akasimama wima akasema ndivyo alivyokusudia, akachapwa, akasema tena, akachapwa tena, na jina likamganda mpaka leo. Tangu siku hiyo neno "nimekosea" halikusikika kinywani mwake, si kwa wazazi, si kwa walimu, wala si kwa wateja, ambao Mungu awape subira walipo.

Mwaka 1967 alikwenda kujifunza ushonaji kwa mjomba wake, akakaa huko miaka minne, na tarehe 1 Machi 1971 akafungua duka lake la chumba kimoja lenye dirisha la kuelekea barabarani, cherehani moja na kioo kimoja chenye ufa. Kazi zake mnazijua, karani wa mahakama alishonewa suruali ambayo mfuko wa nyuma ulifunguka kwa chini, bibi harusi mmoja ilibidi akatwe kutoka ndani ya gauni lake kwa mkasi, na wote walipouliza kulikoni waliambiwa ndivyo ilivyokusudiwa. Watu waliendelea kurudi kwa sababu alikuwa na utani mtamu, na kwa sababu fundi wa pili mtaani alikuwa mbaya zaidi.

Vita vilipotufikia mwanzoni mwa 1981, mwalimu mkuu wa shule ya mtaani aliunda kikosi cha kujitolea cha watu thelathini chini ya jeshi la upande wetu, akamkabidhi marehemu jora moja la khaki ashone mashati, akamwambia beji za kikosi zitaletwa baadaye. Marehemu, kwa kutaka kumaliza haraka, alikunja kitambaa tabaka thelathini na kukata kwa mkupuo mmoja, karatasi ya kipimo ikateleza, na mashati yote thelathini yakatoka na mkono wa kushoto ulio mfupi kwa shubiri nzima kuliko wa kulia. Kitambaa kilikuwa kimekwisha. Tarehe 12 Aprili 1981 kikosi kilivaa, mwalimu mkuu akatazama mikono kumi ya kwanza, akashika kiuno, akauliza, akajibiwa mnavyojua, na kuanzia hapo mtaa mzima ukawaita Nusu Mkono. Beji hazikuletwa kamwe.

Tarehe 17 Agosti 1981, saa moja asubuhi, kwenye jengo la mashine ya kusaga, watu kumi na saba wa kikosi hicho walikamatwa wakinywa chai, akiwemo mwalimu mkuu, mpishi wao, na marehemu, ambaye alikuwa na bunduki begani na sindano kwenye kola. Walipelekwa kwenye kiwanda cha zamani cha matofali kilichogeuzwa kambi, karani wa kambi akafungua daftari, akaandika majina yao, na kwenye safu ya mwisho, safu ya hadhi, kalamu ikasita, akachora alama ya kuuliza.

Hapa inabidi kueleza jambo la sheria, na msomaji anaomba radhi, hakusomea sheria, ila ameisikia hii mezani tangu akiwa na miaka minne, hata angeweza kuitetea usingizini. Mpiganaji aliyekamatwa akihesabiwa mateka wa vita, hashitakiwi kwa kule kupigana tu, ingawa akiwa ameua raia atajibu kwa hilo, hulishwa, hutibiwa, na akihojiwa halazimiki kutaja zaidi ya jina, cheo, tarehe ya kuzaliwa na namba yake. Lakini akionekana ni mtu tu aliyeokota bunduki, basi anashitakiwa kama jambazi yeyote, na siku zile, upande ule, jambazi mwenye bunduki alikuwa akinyongwa. Kwa hiyo ile alama ya kuuliza ilikuwa ni kufa na kupona kwa watu kumi na saba, na marehemu alikuwa akisema hajawahi kupenda alama yoyote ya uandishi kama alivyoipenda ile, maana sheria inataka pakiwa na shaka mtu atendewe kama mateka mpaka baraza liamue, na hiyo shaka ndiyo iliyowapa blanketi na supu. Walielezwa kwamba haki hizo zinatoka kwenye Mikataba ya Geneva, na mpishi, mtu mwungwana asiye na makuu, aliuliza kila siku huyo mama Geneva atafika lini ili wamshukuru.

Baraza lilikaa tarehe 2 Septemba 1981 katika ukumbi wa kulia chakula, maofisa watatu nyuma ya meza iliyowekewa shuka, mwenyekiti akiwa mwanasheria, wa pili daktari wa jeshi, na wa tatu ofisa wa ugavi, bwana mnene ambaye vifungo vya shati lake vilikuwa vikiomba msaada. Kikosi cha kujitolea, walisema, kinatakiwa kuwa na mambo manne, la kwanza mkuu anayewajibika kwa walio chini yake, na hilo lilikuwapo, lilisimama pale na filimbi ya shule shingoni. La pili kubeba silaha waziwazi, na hilo nalo lilikuwapo, kwa sababu hawakuwa na pa kuzificha. La tatu kufuata sheria za vita, na sajenti aliyewakamata alikiri kwamba watu hawa walimrudisha majeruhi wa upande wake kwa machela, na kwamba vijijini walikuwa wakibisha hodi kabla ya kuomba maji. Likabaki la nne, alama moja ya kudumu inayotambulika kwa mbali, na hapo mwalimu mkuu, mtu asiyejua kudanganya hata mtoto, akasema beji hawana.

Mwenyekiti akamwuliza sajenti, basi wewe uliwatambuaje kuwa ni kikosi, na sajenti, bila kufikiri, akasema aliwatambua kwa mkono, jamani, ule mkono wa kushoto, kwamba toka juu ya kilima, mita mia tatu, unaona kiwiko kitupu kinang'aa juani, na askari wake walishazoea kusema Nusu Mkono wale wanapita. Watu kumi na saba wakatazamana kama waliomwagiwa maji baridi. Ndipo ofisa wa ugavi akainama mbele, akauliza nani alishona maajabu haya, na je, aliukata mkono hivyo kwa makusudi au alikosea.

Marehemu alisimama. Alikuwa amekula kiapo, na alisimulia baadaye kwamba kwa mara ya kwanza maishani ulimi ulimwasha kusema kweli, akawatazama wenzake, akamwona mpishi amefumba macho anaomba, na jibu likatoka lenyewe, ndivyo nilivyokusudia, mzee. Ofisa wa ugavi akacheka, akasema vizuri, mtu aliyekusudia anaweza kurudia, akaagiza iletwe khaki, chaki, mkasi na cherehani ya kambi, na kwa kuwa shati lilitakiwa kuwa la kipimo cha mtu, akajitolea mwili wake.

Jamani, kukosea kwa kupanga si mchezo. Marehemu hakujua mpaka mwisho wake ile karatasi ya kwanza iliteleza vipi, alitegesha karatasi ikae upande, ikanyooka, alijaribu kukata ovyo, mkasi ukaenda sawa, jasho likamtoka mpaka kwenye kitambaa, na baada ya saa mbili na nusu akanyanyua shati mbele ya baraza, na lo, mikono yote miwili ilikuwa sawasawa, kola imekaa, mabega yamelala, shati zuri kuliko yote aliyopata kushona na atakayopata kushona, na mpishi, aliyekuwa amefumbua macho, akayafumba tena. Mwalimu mkuu alishika tama. Ofisa wa ugavi alilivaa, akajitazama kwenye kioo cha dirisha, akageuka, akasema mbona hili mikono iko sawa.

Marehemu akalitazama lile shati, akapiga moyo konde, na mbele ya watu waliomjua tangu ng'ombe saba na nusu akasema, samahani mzee, hapo nimekosea.

Mwalimu mkuu alianza kukohoa na hakuacha mpaka akatolewa nje. Mwenyekiti alifunika uso kwa faili, daktari alitazama dari, na baada ya dakika kumi karani aliletewa karatasi, akafuta alama ya kuuliza kwa raba mara kumi na saba, akaandika mara kumi na saba, mateka wa vita. Marehemu aliruhusiwa kumtumia mama yake kadi ya kueleza hali yake, na kwa kuwa mama hakujua kusoma, karani wa posta, msichana wa miaka ishirini na miwili, alimsomea kwa sauti dirishani mbele ya foleni yote, nimekamatwa, niko salama, ndivyo nilivyokusudia.

Vita vilimalizika, wakarudishwa makwao tarehe 30 Novemba 1982, na marehemu akaenda moja kwa moja posta kumwona aliyesoma kadi ile, wakafunga ndoa tarehe 14 Julai 1984, bibi harusi akiwa amevaa gauni la kununua, si la kushonwa na bwana harusi, kwa masharti yake mwenyewe. Walijaliwa watoto watatu, kaka yetu mwaka 1985, msomaji mwaka 1988, na mdogo wetu mwaka 1993, wote walienda shule wakiwa na sare za kuchekwa, na wote tungetoa chochote leo kuvaa moja.

Mwaka 2019 alianza kusumbuliwa na shinikizo la damu, na daktari alipomwonyesha kipimo, mia na tisini, alimjibu mnavyojua, baadaye figo zikadhoofika, na kuanzia Februari mwaka huu alikuwa akisafishwa damu mara mbili kwa wiki. Lakini kilichomnyima usingizi haikuwa figo. Tarehe 20 Aprili alimwita msomaji kando ya kitanda, akamfukuza kila mtu, akasema kwamba miaka arobaini na mbili amebeba jambo, kwamba alidanganya chini ya kiapo, kwamba wenzake waliishi kwa uongo wake na huenda hadhi ile haikuwa halali, na akasema kwa sauti ndogo, mwanangu, nilikosea, mwandikie mwenyekiti wa baraza. Sajenti, ambaye baada ya vita alikuwa mteja na rafiki yake, alitusaidia kupata anwani, barua ikaenda. Marehemu aliuliza majibu kila asubuhi. Alifariki Jumamosi tarehe 11 Mei 2024, saa tano asubuhi, wiki tatu kabla hajatimiza miaka sabini na miwili.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa chumba cha kusafishia damu, waliovaa aproni alizowashonea bila kumwambia kwamba kamba zake ziko mbele, majirani waliolala nasi, mafundi wenzake wa mtaani, mwalimu mkuu na wenzake tisa waliobaki, ambao wako hapa na vijukuu vyao, na sajenti, aliyesafiri siku nzima.

Majibu ya mwenyekiti yalifika jana Jumatatu, na kwa kuwa hayakuandikwa kwetu, baba, tunakusomea wewe. Anasema uamuzi ulikwisha andikwa pale sajenti alipotaja kiwiko, kwa sababu sheria haimwulizi fundi alikusudia nini, inauliza jicho linaona nini kwa mbali. Anasema kitambaa kiliagizwa kwa kuwa mpiga chapa wa uamuzi huo alikuwa amechelewa na ofisa wa ugavi hakuwa na shati linalomtosha. Anasema hakuna hata mmoja aliyeokolewa na uongo wako, mliokolewa na mkono ule, na mkono ule ulikuwa wa kweli.

Kwa hiyo huna kesi, baba. Lala kwa amani.