Godelive Kahongya, Aliyekataa Kuhamishwa Tena

Ndugu na jirani, familia imenituma mimi, mtu wa ukoo, kuwasomea maisha ya mama yetu, nami nitasema yale tu yaliyo na shahidi.

Godelive Kahongya alizaliwa Butembo tarehe 3 Machi 1951, binti wa dereva wa lori, Kasika, ambaye uasi wa 1964 ulimkuta Uvira pamoja na jamaa yake, wakavuka ziwa hadi Kigoma, Tanzania, na shule ikawa ndoto kwa Godelive.

Huko, tarehe 12 Julai 1970, aliolewa na Gracien Vagheni, mtu wa Butembo kama yeye, wakajenga, wakapanda migomba, hata mwaka 1974 serikali ya Ujamaa ikawahamishia kijiji kipya, paa likang’olewa wangali ndani; waliahidiwa maji, bomba likafika, maji hayakufika, na kipande cha sabuni kilipangiwa mstari tangu alfajiri. Haki inadai tuseme pia kwamba ni kijiji hicho, katika darasa la watu wazima, kilichomfundisha kusoma, jambo ambalo nchi yetu haikumtendea.

Walirudi kwetu Zaire 1987 na watoto wao wawili, Précieux na Eliane, wakalima kakao Eringeti, ambako Gracien alizikwa mwaka 2009, kando ya shamba. Oktoba 2014 wauaji walifika, mama akakimbilia hapa Mulekera, akiacha maharagwe motoni na kaburi ambalo hadi leo hakuna anayethubutu kulipalilia. Kule Tanzania walimhamisha kwa ahadi. Hapa kwetu alihama bila hata ahadi.

Figo zilimsumbua miaka miwili, akafariki tarehe 9 Mei 2025. Baba Lévi, mkubwa wa ukoo, alileta gari ili azikwe Butembo kwa wazee, na desturi iko upande wake, hatubishi. Lakini mbele ya Eliane, na mbele ya daktari asiye wa ukoo wetu, mama alisema: “Mimi hapana muzigo. Fasi nitafia, muniache paka pale.” Yaani yeye si mzigo wa kubebwa; azikwe pale pale atakapofia. Baba Lévi alimuuliza daktari mara mbili, kisha akarudisha gari tupu.

Tunawashukuru madaktari, majirani wa Mulekera, na wenzake waliouza naye unga wa ugali sokoni, waliofunga meza zao siku tatu kwa heshima yake.

Mama, hatukuahidi kwamba hutahamishwa tena, maana ahadi ulizishiba. Tumechimba kaburi lako kwa kina tu. Pumzika kwa amani, hapa hapa.