Kisu cha Don Eladio na Mvua ya Juni

Don Eladio Zepeda anastaafu leo, tarehe thelathini Juni. Amefanya kazi ya sinema kwenye studio yetu hapa Meksiko miaka arobaini na mmoja. Mimi ni wa kuvuta nyaya za umeme, shule sikukaa sana, kwa hiyo naandika nilivyoona.

Alianza na nyaya kama sisi. Halafu akawa maiti. Filamu za wapiga mieleka wenye barakoa zilitaka mtu wa kulala kimya, na yeye kutulia anajua. Alikufa sana, mpaka mama mmoja alipokutana naye sokoni akapiga ishara ya msalaba na kukimbia. Baadaye akashika kamera. Akapiga tamthilia za kuliza watu, akaenda Durango kupiga filamu za farasi, akakaa pwani na wachota chumvi akiwapiga picha wakiwa kazini. Filamu hiyo ya chumvi aliiongoza mwenyewe, ikapata tuzo. Tuzo iko stoo, inazuia mlango usijifunge.

Lakini wote tunamjua kwa kisu. Siku ya kupiga picha nje, mawingu yakikusanyika, mtu asiye na ndoa anachomeka kisu ardhini ili mvua isije. Kazi hiyo ilikuwa yake tangu ujana. Wenzake wakaoa, wakaachana, wakaoa tena. Yeye akawa mwongozaji mkubwa, na kisu bado chake.

Nabor wa taa alikuwa haachi kumtania. "Don Eladio, usije ukaoa, tutalowa!"

"Basi nunueni turubai," anajibu.

Na kisu hakiachwi peke yake. Kikikanyagwa kikaanguka, mvua hiyo. Kwa hiyo sisi tukila meza ndefu, maharage, chapati za mahindi, kelele, yeye yuko kule amechuchumaa na sahani yake.

Filamu yake ya mwisho tuliimalizia hapa uani, onyesho la harusi. Mawingu yalikuwa meusi. Wakati wa chakula Doña Jovita wa vipodozi, ambaye ni mjane, akamfuata.

"Njoo ukae na watu. Nimekuwekea kiti."

"Na kisu?"

"Acha inyeshe!"

"Bibi harusi atalowa, Jovita. Tukimaliza nakuja."

Haikunyesha. Picha ilitoka safi. Ila alipokuja, viti vimeshakunjwa na gari la kina Jovita limeondoka. Akasimama pale meza ilipokuwa, akafuta kisu kwenye suruali. Nilikuwa nakusanya nyaya. Akaniuliza, "Leo waliweka pilipili mbichi?"

Nikamwambia waliweka.

"Ah," akasema. Akaenda zake.

Leo tunamuaga uani hapohapo, na tangu asubuhi mawingu yameshuka. Amekuja na kisu, amevaa koti zuri. Nabor akamzuia getini: "Lete hapa, mzee, leo huna kazi." Sasa Doña Jovita amekikalia, kimefungwa kwenye kitambaa, anasema anayekitaka aje amnyanyue.

Don Eladio, asante kwa kutukinga miaka yote hiyo. Tunakuombea afya, usingizi wa kutosha, na watu wa kula nao. Kiti chako ni kile cha katikati, pembeni ya Jovita. Pilipili mbichi ipo. Turubai hatukununua. Kaa, ule. Ikinyesha, tutalowa wote.