Siku Tulipoyaficha Maji

Benchi la mama Painem, muuza kahawa, limeinuliwa kwa matofali mara tatu. Bahari ikipanda, nalo linapanda, na sasa miguu yetu sisi wazee inaning'inia kama ya watoto. Baada ya swala ya alasiri tulikaa hapo, tukingoja unga wa kahawa utuame ndani ya bilauri. Siku hiyo ilikuwa ya dua ya siku mia ya marehemu mke wangu, Sumirah. Dada Laksmi, mtengeneza filamu, alituma salamu kwamba analeta filamu yake ya kijiji chetu tuitazame baada ya dua, na Sumirah yumo. Mimi sina picha yake hata moja inayosema. Nilivuta tasbihi, nikawaachia wenzangu maneno.

— Miaka minne anapiga picha maji, alisema Kribo, aliyepewa jina hilo, yaani nywele za kujisokota, kabla ya kipara. Kabla ya hapo, miaka mitatu na akina mama wa kiwanda cha nguo. Kazi gani hiyo?

— Mpelelezi huyo, alisema Mwenyekiti, ambaye hajawahi kuchaguliwa popote. Anaipima bahari, iuzwe.

— Nani anunue bahari, bwana wewe?

— Basi anatafuta mume.

— Kila akija anakukuta wewe. Ndiyo maana hajapata.

— Cheka tu. Kwenye filamu hiyo nimo, na batiki yangu ya harusi.

— Sote tulivaa batiki. Mgeni anakuja, umpokee kwenye matope?

 Siku ile alipokuja na kamera mara ya kwanza, kwa heshima ya mgeni, kijiji kizima kiliyachota mafuriko kwa ndoo na kupiga deki. Hawa wawili, na batiki zao, walichota mbele ya dirisha langu, wakimwaga baharini, bahari ikirudisha. Dada Laksmi alikuta maji nyumbani kwangu tu. Sumirah alikataa yaguswe. "Kaja kuyaona," alisema, "mwacheni ayaone."

Dada Laksmi akafika, viatu mkononi, akanipa pole.

— Mzee Darsono, nisaidie jambo moja. Kwenye filamu, mama Sumirah kakaa kitandani, maji yako magotini, anatazama dirishani, anacheka mpaka anafuta machozi. Nje kulikuwa na nini?

Kribo akachungulia bilauri yake. Mwenyekiti akaomba kahawa nyingine. Mama Painem akamwambia imekwisha, ingawa birika lilikuwa linachemka.

— Anacheka kwa sauti? niliuliza.

— Kwa sauti, mzee.

Nikashuka kwenye benchi.

— Basi twendeni tukasome dua, nikamsikie.