Bwana Subirini na Kifungo cha Koti

Ndugu waombolezaji, kwa niaba ya mjane, watoto na ukoo mzima, naomba mniazime masikio niwasimulie maisha ya mzee wetu, ambaye majirani mlimwita Bwana Subirini, ingawa najua wengine ndio kwanza mnasikia leo kwamba aliwahi kuwa mtu wa televisheni.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Juni 1941, katika chumba cha nyuma cha duka la ushonaji la baba yake, akasoma shule ya msingi kuanzia 1949 hadi 1956, kisha sekondari hadi 1960, ambako walimu walimsifu kwa sauti na kumlaumu kwa hesabu.

Tarehe 1 Februari 1965 aliajiriwa na kituo cha televisheni kubeba nyaya, na mwaka uliofuata, mtangazaji alipokaukiwa sauti, akasukumwa mbele ya kamera, akabaki huko, kazi yake ikiwa kujitokeza kila filamu ilipokatika na kuwaambia watazamaji wasubiri kidogo. Tarehe 12 Agosti 1967 filamu ilikatika ikagoma kuungika, maneno yakamwishia, basi akavua koti, akang'oa kifungo, akachomoa sindano yenye uzi aliyoificha ndani ya ukosi, tabia ya mtoto wa fundi, akafundisha kukishona kwa kuweka njiti ya kiberiti chini yake, dakika arobaini nzima, jasho likimtiririka, asijue kama kuna hata mtu mmoja anayemtazama.

Mtu huyo alikuwapo. Fundi cherehani mmoja, binti aliyekuwa amesimama nje ya dirisha la duka la redio akitazama televisheni, alimwandikia barua kwamba amewapotosha wananchi, maana ukishatoa njiti lazima uzungushe uzi shingoni mwa kifungo, la sivyo hakimalizi wiki, na kweli, kilikuwa kimekwisha kudondoka. Marehemu akampelekea koti mwenyewe, na fundi huyo ndiye mama yetu, wakafunga ndoa tarehe 4 Mei 1968, wakajaliwa mabinti wawili na mwana mmoja, na baadaye wajukuu watano. Alistaafu tarehe 30 Juni 1996.

Tarehe 17 Machi 2020 kiharusi kilimnyang'anya sauti, na mama akawa na ombi moja tu, aisikie tena kabla mmoja wao hajaondoka. Binti mkubwa alipekua stoo ya kituo siku tatu, akapata kanda yenye jina la baba yake na tarehe ileile ya kifungo, wakaicheza mbele ya mama na marehemu, likatoka pambano la mpira. Kanda zilikuwa adimu enzi zile, na kadi iliyoruhusu ile ifutwe na kurekodiwa mpira juu yake ilikuwa na sahihi ya marehemu mwenyewe. Marehemu alicheka bila sauti hadi machozi, kisha akalia kwelikweli, akashika kifungo cha gauni la mama, akakizungushia kidole mara tatu.

Alifariki tarehe 2 Novemba 2021, saa tisa alasiri, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa mama.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliompigania, majirani mliohamia kwetu na sufuria zenu, na wafanyakazi wenzake wa zamani, mliokuja wengine kwa mikongojo. Koti alilovaa leo ni lile lile, na kifungo mama alikishona jana kwa mkono wake, uzi umezungushwa shingoni, hakidondoki tena.

Pumzika kwa amani, mzee wetu, na mama anasema safari hii ni zamu yako, subiri kidogo.