Mama Jongoo, Aliyekataa Majina ya Kubahatisha

Wasifu wa marehemu, unasomwa na mdogo wake

Ndugu, jamaa, majirani na nyote mliofika, poleni na asanteni. Jina kamili la marehemu liko kwenye jalada la karatasi mliyogawiwa, pamoja na ile picha yake aliyoichukia. Mimi nitamwita dada, kwa kuwa ndivyo nilivyomwita tangu nijue kusema. Nyie wengi mlimwita Mama Jongoo, mbele yake na nyuma yake, naye aliitika kote kuwili.

Kabla sijaanza, nifungulieni ukurasa wa tatu. Mstari wa mwisho unasema dada alifariki "baada ya kuugua kwa muda mfupi." Sentensi hiyo si yangu. Mjomba wetu, kaka wa marehemu mama, ndiye aliyepeleka karatasi kwa mchapaji, na njiani akanisaidia kuandika bila kuombwa. Namheshimu mjomba, ndiye mkubwa wetu aliyebaki. Lakini dada alinishika mkono wodini akaniapisha nitaje ugonjwa uliomuua, kwa jina lake, mbele ya watu. Nitautaja. Nikifika hapo mjomba atakohoa. Kohoa tu, mjomba wangu, nitasubiri umalize.

Dada alizaliwa tarehe 9 Machi 1961 katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya karakana ya mabehewa, mtoto wa kwanza wa fundi wa reli na mfuaji wa nguo za hospitali. Mimi nilimfuata baada ya miaka sita, na sisi wawili ndio tuliokua. Uwani kulikuwa na rundo la mataruma yaliyooza, yale magogo ya kulazia reli, na huko chini ndiko dada alikochezea wakati wenzake wakiruka kamba. Siku moja aligeuza taruma akakuta jongoo wale bapa, wenye mgongo uliolala kama mkanda. Mama akapiga ukelele, "Tandu!" akavua kandambili. Dada, mtoto wa miaka saba, akasimama katikati. "Mama, tandu anakimbia. Huyu anatembea. Usimuue kwa jina la mwenzake." Kandambili ilimpata yeye begani. Jongoo walikwenda zao salama, kwa mwendo wao.

Alisoma shule ya msingi ya watoto wa reli, kisha sekondari ya wasichana ya bweni, kisha chuo kikuu, alikohitimu shahada ya biolojia mwaka 1985. Likizo moja alinikuta nimeinamia cherehani ya mama, ndiyo kwanza najifunza kushona, akaniambia kwa furaha kwamba wale jongoo wa uwani amewapatia jina: Polydesmida.

Nikamuuliza, "Hilo jina au homa?"

Alikaa kwenye kapu langu la vitambaa, bila kuombwa, akanieleza. *Poly* kwa Kigiriki ni nyingi. *Desmos* ni kamba, ni fundo, ni chochote kinachoshika kitu kisiachane na kingine. Jongoo huyu mgongo wake ni pingili, karibu ishirini, kila moja imetoka vibawa pembeni kama pindo la blauzi, na zote zimeungwa moja kwa nyingine hadi mkiani. Ndiyo maana ya jina. Macho hana kabisa. Ukimsumbua hutoa harufu ya lozi chungu, nayo ni sumu yake ndogo ya kujilinda. "Na ile *-ida* ya mwisho," akasema, "inakuambia kwamba hilo ni jina la oda."

"Oda ya nini? Ya vitambaa?"

"Acha ujinga. Oda ni ukoo mzima. Ndani ya ukoo mna nyumba nyingi, ndizo jenasi. Ndani ya nyumba ndiyo unamkuta mhusika, ndiye spishi." Ngazi nyingine za katikati alinirukia kwa huruma. Kisha akanipa onyo ambalo nimelisikia mara nyingi kuliko wimbo wa shule. Katika ukoo huo mna nyumba moja iitwayo *Polydesmus*, nayo huandikwa kwa herufi za mlazo. Watu wakiona jongoo yeyote bapa humbandika jina la nyumba hiyo, kwa sababu linafanana na la ukoo na ni tamu mdomoni. Kumbe wako maelfu, na walio wengi hawajawahi hata kuwa majirani wa nyumba hiyo. "Ukijua ukoo tu, taja ukoo, unyamaze," dada alisema. "Ukimjua mwenyewe, mtaje mwenyewe, usijifiche nyuma ya ukoo."

Nilimwambia anaondoka na kapu langu limebonyea. Hakujali.

Mwaka 1986 aliajiriwa na makumbusho ya viumbe, idara ya wadudu na jamaa zao. Chumba chake kilikuwa na dirisha moja, darubini moja, na makabati ya chupa za spiriti kutoka sakafuni hadi darini. Alirudi nyumbani akinuka spiriti mpaka kondakta mmoja akamshusha akidhani amelewa. Alishuka, akamwambia kondakta kwa utaratibu kwamba pua yake imejua ukoo ila imekosea nyumba, akatembea hadi kwake.

Mwaka 1998 alikuja mkurugenzi mpya, mtu wa suti na haraka. Kulikuwa na wageni wakubwa wanatarajiwa, na kwenye ukumbi kulikuwa na sanduku la kioo lenye jongoo bapa waliokusanywa msituni, wote wameandikwa Polydesmida, basi. Mkurugenzi akaona aibu. Alimwita dada akamwambia aandike majina kamili, maana majina kamili yanapendeza.

Dada akasema, "Siyajui. Hawa bado hawajachunguzwa."

"Weka *Polydesmus* na neno lolote la pili. Nani atajua kwamba siyo?"

"Mimi."

Basi. Neno moja hilo lilimgharimu ukumbi. Alihamishiwa ghala la chini, chumba kisicho na dirisha kabisa, akakaa huko miaka tisa kabla ya kurudishwa kwenye chumba chake cha zamani. Mlioambiwa kwamba alipandishwa cheo baadaye, mmedanganywa na wenye moyo mwema. Hakupandishwa. Wageni walikuja, wakasoma vibao vya kubahatisha vilivyoandikwa na mwingine, wakatikisa vichwa kwa kuridhika, wakala, wakaondoka, na hakuna aliyegundua lolote. Dada alilijua hilo na hakujuta hata siku moja. Alisema raha ya ghala ni kwamba hakuna vikao. Aliwachunguza wale jongoo mmoja mmoja, wachache akawafikisha kwenye spishi zao. Waliobaki alistaafu akiwaacha na jina la ukoo, na sijasikia wamelalamika.

Huko huko kazini, miaka mingi kabla ya ghala, alikutana na shemeji yangu, fundi umeme, aliyekuja kubadilisha taa moja ikamchukua wiki mbili. Walifunga ndoa tarehe 2 Desemba 1989. Kwenye sherehe, mshereheshaji alikuwa amefanya utafiti wake wa haraka. Akatangaza kwamba bibi harusi anashughulika na viumbe ambao jina lao maana yake ni mafundo mengi, na ndoa nayo, ndugu zangu, ni mafundo mengi! Watu wakapiga makofi. Dada akainuka na shela lake, akachukua kipaza sauti mkononi mwa yule bwana. "Jina hilo ni la jongoo. Lilipewa mgongo wake, halikupewa ndoa yangu. Endeleeni kula."

Kwa hiyo mlioninong'oneza asubuhi hii niseme kwamba dada naye "alitufunga pamoja kama pingili," mnisamehe. Sitasema. Anaweza kuamka.

Marafiki wa shemeji nao walikuwa na utani wao wa jongoo na mtungi. Mnaujua, sitaurudia mbele ya watoto. Ndoa ile ilijaliwa watoto watatu, wamekaa mstari wa mbele pale, na jibu limetosha.

Sasa nimefika.

Mwaka 2021 dada alianza kutokwa damu, yeye aliyekuwa ameshasahau mambo ya kila mwezi. Alimwambia mumewe, akaniambia mimi. Kwenye zahanati ya kwanza wakamwambia ana "matatizo ya kike," wakampa vidonge. Akaenda ya pili, wakasema hivyo hivyo. Hospitali kubwa, daktari kijana akaanza tena na matatizo ya kike. Nilikuwepo. Dada akavua miwani. "Mwanangu, matatizo ya kike ni oda. Mimi nimekuja kutafuta spishi. Kama huijui, sema huijui, tupime." Daktari alicheka, kisha akaacha kucheka, akapima. Majibu yalipotoka aliyasema yote, neno kwa neno, bila kuzunguka. Dada alimshukuru kwa kumpa mkono.

Marehemu alifariki tarehe 14 Oktoba 2023, akiwa na umri wa miaka sitini na miwili, kwa saratani ya mlango wa kizazi.

Mjomba, umemaliza kukohoa? Haya.

Narudia kwa walio nyuma: saratani ya mlango wa kizazi. Si muda mfupi. Ni miaka miwili ya maumivu, na mimi ndiye niliyekuwa nafua shuka. Si jicho la mtu. Wala si sumu ya jongoo, enyi mliosema pale kisimani na kwenye foleni ya mkate kwamba wale wadudu wake wamemrudi. Aliwashika zaidi ya miaka thelathini, wakamchafua vidole tu.

Na sitamfanya malaika. Ugonjwa huu una kipimo. Hakichukui muda mrefu, na ugonjwa ukikutwa mapema unatibika. Dada alilijua hilo. Mtu aliyekaa maisha yake yote jicho kwenye darubini hakuwahi kwenda kupimwa hata mara moja, na alipoambiwa ni hatua ya tatu alijikasirikia kuliko alivyoukasirikia ugonjwa. "Nilikuwa na aibu," aliniambia. "Mimi! Aibu ya nini, sijui." Hasira hiyo ameniachia mimi, na leo nimekuja nayo.

Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Katika ukoo wetu kifo hakimuumbui mtu, maana tunakichapia karatasi nzuri. Mama yetu alilala miaka miwili. Mwaka 1994 tukasimama kaburini tukasoma kwamba ameugua kwa muda mfupi. Alikufa na nini? Tunajua ni tumbo, basi. Siwezi kusema ulikuwa huu huu wa dada. Hakuna aliyetaja, hakuna aliyeuliza, na waliokuwepo wodini wameshakwenda. Nitasema ninachokijua: kwa mama tumeishia kwenye ukoo, na hatutafika mbali zaidi ya hapo milele. Inaniuma hivyo.

Jana asubuhi, tulipokuwa tunaosha vyombo, mmoja wenu aliniuliza kwa sauti ya chini, "Shangazi, dada yako ilimwanzaje?" Nikaanza kumjibu. Mjomba akaingia kutafuta maji ya kunywa, na yule binti akanyanyua sufuria iliyokwisha kuoshwa akaanza kuiosha upya. Mjomba alipotoka, naye akatoka na ndoo, na tangu hapo ananikwepa. Baadaye nilimfuata mjomba barazani. Nikamwambia ukurasa wa tatu si sahihi.

"Mwanangu," akasema, "mambo ya ndani ya mwanamke hayasemwi kwenye kipaza sauti."

"Shikamoo mjomba, lakini yatasemwa wapi? Jikoni hayakuwezekana."

Hakuninyang'anya karatasi, na kwa hilo namshukuru mbele yenu.

Dada ameacha mume, fundi umeme mstaafu, aliyemlisha kwa kijiko miezi yote ya mwisho na hakuwahi kuona kinyaa. Ameacha mabinti wawili, mmoja muuguzi na mmoja dereva wa kreni bandarini, na mwana mmoja mwalimu wa hesabu. Ameacha wajukuu wanne, mjomba mmoja, na mimi mshonaji, mdogo wake wa pekee. Mabinti wale wawili wamepimwa. Mimi nimepimwa wiki iliyopita na majibu bado. Yakitoka nitawaambia yalivyo, hata mkifunga masikio.

Na wewe wa jikoni. Najua ulipokaa, ndiyo maana siangalii upande huo. Sitakutaja, jina lako ni lako. Jumatatu saa mbili asubuhi nitakuwa kwenye benchi la kliniki, lile la nje chini ya dirisha la dawa, na nguo ya mteja mkononi napindia. Utakaa karibu yangu. Usipotokea nitakuja kugonga kwenu, na yeyote atakayefungua mlango akiniuliza nakupeleka wapi, nitamjibu kwa sauti hii hii.

Dada, umeshafanya yako. Pumzika kwa amani. Sisi Jumatatu tunakwenda.